Nilimcheka Dada wa Watu kwa Mti wa Miiba, Sasa Wangu Huu Hapa

Wale mliozoea kuingia hapa kutafuta nani kaachana na nani, leo mnisamehe kidogo. Umbea upo, tena wa kutosha, ila safari hii mtuhumiwa ni mimi mwenyewe.

Mnaikumbuka ile stori ya Desemba iliyopita, ya staa na kuni sebuleni? Kwa wageni nairudia kwa kifupi. Kuna dada mmoja mwenye jina lake, simtaji na wanaomjua mtulie tu hukohuko. Kazaliwa kanda hii yetu ya kati, kapatia umaarufu Dar, na siku hizi kajenga hapahapa Dodoma. Mwanzoni mwa Desemba akaposti picha ya sebule yake. Sofa za maana, vigae vinang'aa, pazia limeshuka mpaka chini. Halafu pale kwenye kona, badala ya mti wa Krismasi kama tunaoujua, kuna tawi kavu la mgunga, na miiba yake mieupe imesimama vilevile. Limetundikwa ubuyu mzimamzima na maganda yake, ukwaju, masuke ya mtama, na juu kabisa kanyota ka mabua. Maelezo aliyoweka chini ya picha ni maneno mawili: "Mti wetu."

Mimi nikaona hela hiyo. Nikaandika kichwa cha habari kwa herufi kubwa: STAA KAFULIA? AWEKA KUNI SEBULENI, ADAI NI MTI WA KRISMASI. Ndani nikaongeza chumvi, nikasema mjini kaja ila kijiji hakijamtoka. Asikudanganye mtu, stori ilikimbia. Simu ilitetemeka mpaka nikaizima sauti.

Halafu komenti zikabadilika. Mwanzo watu walicheka mti, baadaye wakaanza kucheka kabila. Mnajua Mgogo anavyosemwa huko mijini. Mara bakuli, mara ombaomba wa kwenye mataa, mara "huyo kaota ndoto ya kurudi barabarani". Mmoja akauliza kama chini ya mti kaweka kopo la kukusanyia sarafu. Ile ilipata vicheko kuliko zote. Nikaiacha. Sikuifuta, kwa sababu ilikuwa inaleta watu.

Sasa mjue kitu ambacho sijawahi kukiandika humu. Mimi ni Mgogo. Baba Mgogo, mama Mgogo, bibi yangu yuko Mvumi na hata Kiswahili chake kina Kigogo ndani. Kwenye blogu hii nimekuwa nikijiita "mtoto wa Dodoma", na nikiulizwa kabila najibu "mchanganyiko". Mchanganyiko wa nini, Mungu anajua.

Tuendelee. Nilikuwa na kibarua kwenye duka moja la vifaa vya simu. Tarehe kumi na tano bosi akatuita akasema mwezi umebana, mshahara Januari. Basi. Hakuna majadiliano. Naishi na mtoto wa dada yangu, ana miaka sita, ananiita mama mdogo, na tangu Novemba alikuwa ameniahidisha mti. Shuleni kwao waliupamba, akashika yale mapambo yanayometameta, akarudi anasema na sisi tutaweka wetu. Nikamwambia tutaweka. Nilikuwa nimeshauona mmoja wa plastiki dukani, ule unaofika kiunoni, elfu sabini, bila taa. Miti hii ya dukani imeongezeka sana hapa mjini tangu serikali ihamie na Dodoma iwe jiji mwaka 2018. Zamani tuliweka kadi za Krismasi kwenye uzi ukutani na maisha yakaenda.

Wazo la kwanza likawa kukata. Wapo wanaofanya hivyo, usiku wanavizia mvinje au msaiprasi kwenye ua wa watu, asubuhi mti uko kilele hakuna. Mimi hiyo siipendi, na si utakatifu, ni kwamba naijua Dodoma. Huku mvua ni ya msimu mmoja, inaanza mwishoni mwa Novemba au Desemba, ikifika Aprili imekwisha, na mwaka mzima kwa wastani hata milimita 600 hazifiki. Mche ukiupanda, kiangazi chote unaumwagilia kwa ndoo ya maji uliyoyanunua. Sasa mtu aliyemwagilia hivyo miaka mitatu, wewe uje ukate kichwa cha mti wake uweke sebuleni wiki mbili kisha utupe jalalani? Hapana.

Wikiendi kabla ya Krismasi nikampakia mtoto tukaenda Mvumi kwa bibi. Sikwenda kutafuta mti. Nilikwenda kwa sababu mvua ya kwanza ilikuwa imeshuka na bibi alikuwa anapanda, pia kwa sababu kwa bibi hakuna kodi wala luku.

Bibi ana zizi la mbuzi, na ua wa zizi kwa wasiojua ni matawi ya miiba yaliyorundikwa kuzunguka, fisi asipite. Jioni nimekaa nauangalia ule ua, mtoto akaja akasimama pembeni yangu, akaonyesha tawi moja lililochomoza juu. Akasema, "Mama mdogo, ule ni mti wetu?"

Wadau, nilihisi kama kuna mtu kanifinya sikio. Maneno yaleyale mawili.

Nikamuuliza bibi kama naweza kuchukua tawi. Akauliza la nini. Nikamwambia la kupamba Krismasi. Akacheka mpaka akakaa chini. "Watu wanatoka mjini na mkate, wewe unarudi mjini na miiba ya mbuzi?" Akaniruhusu, ila nikazibe pengo kwanza. Nikalizibe, mikono ikachanika. Nawaambia mapema: mgunga una miiba mirefu iliyonyooka na mingine mifupi iliyopinda kama ndoana. Ile iliyopinda ndiyo inayokukamata.

Kesho yake tukaanza kuokota, na hapa ndipo nilipoona kwamba kwetu Desemba ina vitu. Ubuyu ulikuwa umebaki mmojammoja chini ya mibuyu, mingine imepasuka. Ukiuona ubuyu mzima wa mviringo na kile kikonyo chake kirefu, na ngozi yake laini kama kitambaa cha mahameli cha rangi ya kijani iliyofifia, unajiuliza aliyebuni yale mapira ya plastiki alikuwa anatafuta nini. Kikonyo chenyewe ni kamba tayari. Ukwaju tulipata maganda machache yaliyosahaulika juu ya mti. Kwa jirani mwenye shamba la zabibu kulikuwa na rundo la matawi yaliyopogolewa, anayatumia kuwashia moto. Tukaomba, akatupa mzigo. Tawi la mzabibu ukililoweka usiku mmoja linakunjika bila kukatika, unalizungusha mara tatu, unalifunga kwa uzi wa katani, umepata duara la kuweka mlangoni. Haya ya zabibu yapo Dodoma, sijui kama huko kwenu mtayapata.

Na mkrismasi je? Ule mti wa maua mekundu unaowaka Desemba nzima kando ya barabara na viwanja vya shule? Asili yake ni Madagaska, lakini Waswahili tumeupa jina la sikukuu kwa sababu inapofika ndipo unapochanua. Yaani mti wa Krismasi tunao, umesimama nje, tena umejipamba wenyewe! Mimi nilikuwa napita chini yake kila siku nikienda kulia dirishani kwa mti wa elfu sabini. Maua yake yananyauka haraka, ukichuma asubuhi jioni yamelala, kwa hiyo usiyategemee. Chukua yale maganda yake marefu meusi ya mwaka uliopita, yenye mbegu ndani. Tulipokuwa watoto tulikuwa tunayatikisa kama kayamba. Ukiyatundika karibu na dirisha, upepo ukipita yanalia.

Kilichonishinda ni mtama. Nilitaka masuke kama yale ya kwenye picha ya yule dada. Yako kwa bibi, yamefungwa mafungu mafungu juu ya jiko yakipata moshi. Nikanyoosha mkono. Bibi hakupiga kelele. Alisema tu, "Hiyo ni mbegu, mjukuu wangu. Weka."

Nikaweka. Usiku, tumekaa, akanieleza. Bibi yake yeye alikuwa mtoto wakati wa njaa ya Mtunya. Wazee wa Ugogo wote wanaijua, ilikuwa 1917 kwenda 1920. Vita Kuu ya kwanza ilipita huku, majeshi ya Wajerumani na baadaye ya Waingereza yakachukua nafaka, yakachukua ng'ombe, yakachukua wanaume kubeba mizigo, halafu mvua nayo ikagoma. Watu walikula mpaka mbegu, na aliyekula mbegu msimu uliofuata hakuwa na cha kupanda hata mvua iliponyesha. Ndiyo maana nyumbani kwake, akasema, mbegu haichezewi hata na mtoto wa sikukuu.

Mimi nimemaliza kidato cha nne hapahapa Dodoma. Vita ya kwanza nimeisoma, tarehe zote na yule mkuu wa Austria aliyepigwa risasi. Hiyo ya Mtunya nimeisikia nikiwa na miaka ishirini na nne, kwenye kigoda, nikiwa na dole lililochomwa na mwiba.

Na nikakumbuka yale ya bakuli. Niliyaacha yasomwe na watu wote.

Asubuhi bibi akanipa fungu la masuke yaliyokwisha kupurwa, matupu, yamebaki vijiti vyake vyepesi kama ufagio. "Hayo chukua, hayo yamemaliza kazi." Na kweli, yakiwa matupu ni mazuri zaidi, taa ikipita katikati yake inaacha kivuli kama manyoya ukutani. Mabua nayo akampa mtoto, akamfundisha kuyamenya na kuyachomeka kwa vijiti kupata nyota. Sisi tulitengenezea magari, kwa hiyo mkono haukusahau.

Bibi pia akanikumbusha kitu. Pale Mvumi Uanglikana ni wa siku nyingi, tangu wamisionari wa CMS, na yeye amekulia kanisani. Anasema utotoni kwao mkesha wa Krismasi watoto walitumwa kuleta matawi na maua, kanisa linavishwa majani kuanzia mlangoni. Hakuna aliyesema ni umaskini. Ndiyo ilikuwa Krismasi yenyewe.

Na hata huko mti ulikotoka mambo yalikuwa hivyohivyo. Nilirudi mjini nikasoma soma kwa bando la wizi. Maelezo ya mwaka 1605 kutoka Strasbourg yanasema watu walisimamisha mti sebuleni wakatundika matufaa, biskuti nyembamba, vitu vitamu na mawaridi ya karatasi. Kila mtu alitundika alichokuwa nacho. Yale mapira ya kioo yalikuja baadaye sana, karne ya kumi na tisa, kutoka mji wa mafundi vioo wa Lauscha, Ujerumani, na mengine yalifinyangwa kwa umbo la matunda na njugu. Kwa hiyo pira la plastiki la dukani ni nakala ya nakala ya tunda! Sisi tunalinunua, halafu tunamcheka aliyetundika tunda.

Safari ya kurudi sasa. Konda alikataa. Akasema miiba itachana viti, abiria watanishtaki. Tukabishana, abiria wakagawanyika, mama mmoja wa nyuma akasema mwacheni anapeleka dawa. Mwisho tawi likapanda juu ya keria kwa nauli ya mtu mzima. Haya, sikukuu imeniponza. Stendi bodaboda wa kwanza akakimbia, wa pili akakubali nikalilaze kwenye kanga.

Nyumbani tukalisimamisha kwenye ndoo tupu ya rangi, mawe chini, mchanga juu, tukaizungushia gunia la katani. Ushauri wangu kwa atakayejaribu: tawi liwe kavu kabisa na ulipige chini kwa nguvu nje kabla ya kuliingiza ndani, kuna wadudu humo. Ncha za miiba zilizo usawa wa macho ya mtoto zikate kwa koleo. Zile za juu ziache, kwa sababu hutahitaji ndoana hata moja, kila mwiba unabeba kitu. Ubuyu ni mzito, uweke karibu na shina, la sivyo mti unalala. Rangi usipake. Nilipaka chokaa ubuyu mmoja kujaribu, ukafanana na yai la mbuni, nikaugeuza ukutani.

Taa nilikuwa na waya mmoja wa zamani. Tukawasha tarehe ishirini na tatu usiku, mtoto anapiga makofi, na mvua imetoka kunyesha. Mnajua kinachofuata mvua za kwanza. Kumbikumbi! Waliingia kwa dirisha kama wamealikwa, wakajaza mti mzima, mabawa yanadondoka kila mahali. Jirani akaja na beseni la maji akawakusanya, akawakaanga, akaturudishia sahani. Kwa hiyo mti wangu ulitoa na kitoweo.

Usiku huohuo, nikifagia mabawa, nikafungua ile stori ya kuni. Nikaisoma yote, na komenti zote, mpaka ile ya kopo la sarafu. Nikaifuta stori. Kuna watakaosema ilikuwa uoga, maana nilifuta kimyakimya bila kusema kwa nini, na wakisema hivyo wana haki. Ndiyo maana leo naandika.

Halafu nikamwandikia dada mwenyewe kwenye inboksi. Niliandika nikafuta mara tano. Mwisho nikatuma hivi: "Shikamoo dada. Mimi ndiye niliyeandika yale ya kuni. Nisamehe. Mimi pia ni wa huku, kwa bibi yangu ni Mvumi." Nikaambatanisha picha ya mti wangu, na mtoto kasimama pembeni ameshika ganda la mkrismasi.

Akasoma. Niliona kasoma. Hakujibu. Krismasi ikapita, tukala wali na kuku wa bibi, mtoto akalala chini ya mti. Siku ya Boksidei hakuna kitu. Nikasema ni haki yake, ningekuwa yeye ningenizuia kabisa.

Tarehe ishirini na nane usiku ukaingia ujumbe wa sauti. Sekunde tisa. Nikauangalia muda mrefu kabla ya kuufungua, nikijua natukanwa. Sauti yake ileile mnayoijua, ila imetulia, na kwa nyuma kuna kelele za watoto.

"Mbukwenyi. Huo ukwaju umeuweka chini mno, sisimizi watapanda. Upandishe juu."

Nikawasha taa nikaenda kuangalia. Walikuwa wameshaanza, mstari mmoja, kutoka dirishani mpaka kwenye ndoo.